Miaka 20 ya Gobore

Leo tuko mahakamani, ila si kwenye kesi yenyewe. Tunakwenda ghorofa ya juu, kwenye rufaa, na hasa rufaa za watu waliofungwa kwa kukutwa na silaha bila leseni.

Kama umewahi kushika karatasi ya sababu za rufaa iliyoandikwa gerezani, sura yake unaijua. Kila aya inaanza na "Kwamba". Kwamba hakimu alikosea kisheria kwa kuwaamini askari watupu. Kwamba wakati wa upekuzi hapakuwa na shahidi huru. Kwamba upande wa mashtaka haukuthibitisha shitaka bila kuacha shaka. Halafu mwisho kabisa, wakati mwingine kwa mwandiko uliobanwa kwa sababu karatasi imekwisha: kwamba adhabu ya kifungo cha miaka 20 ni kubwa kupita kiasi. Chini yake kuna alama ya dole gumba, na kando muhuri wa mkuu wa gereza.

Sababu hiyo ya mwisho ndiyo inayomtoka mfungwa moyoni, na ndiyo inayojibiwa kwa mistari michache kuliko zote. Mara nyingi jaji anaandika kwamba adhabu iliyotolewa ndiyo ya chini kabisa inayoruhusiwa na sheria, hivyo mahakama haina cha kupunguza. Basi, imekwisha hapo.

Kwa nini inakuwa hivyo? Tuanze na dhana moja iliyozoeleka mitaani. Wengi tunaamini jaji wa rufaa anaitazama adhabu na kujiuliza: ningekuwa mimi, ningempa mingapi? Akiona angetoa pungufu, anapunguza. Sivyo inavyofanyika. Upo uamuzi wa Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki wa mwaka 1954 ambao majaji wa Kenya wanaunukuu hadi leo, na kanuni iliyomo ndiyo inayofuatwa hapa kwetu Tanzania pia. Adhabu ni kazi ya hakimu aliyesikiliza kesi. Yeye ndiye aliyemwona mtu kizimbani na kuwasikia mashahidi. Jaji wa juu yake haigusi adhabu hiyo kwa sababu tu angependa nyingine. Anaigusa ikiwa hakimu alifuata kanuni isiyo sahihi, au alisahau jambo zito lililokuwa mbele yake, au alilipa uzito jambo lisilohusika, au kama adhabu imevuka kipimo kiasi kwamba yeyote akiitazama anajua pana kilichokosewa. Na bila shaka anaigusa ikiwa ni adhabu ambayo sheria haiiruhusu.

Kanuni hiyo ina busara yake. Bila hiyo, kila mfungwa angekwenda kutafuta jaji mwenye roho laini. Lakini inategemea jambo moja: kwamba hakimu wa kwanza alikuwa na nafasi ya kupima. Hapo ndipo kesi za silaha zinapoachana na nyingine.

Mwaka 2015 tulipata Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi, iliyochukua nafasi ya ile ya mwaka 1991. Sheria hiyo ina adhabu zake. Ila kumiliki silaha bila leseni kumewekwa pia katika orodha ya makosa ya uhujumu uchumi, chini ya sheria ya mwaka 1984, na hati ya mashtaka ikiandikwa kwa kuzisoma sheria hizo mbili pamoja, kipimo cha adhabu kinakuwa cha uhujumu uchumi. Zamani kipimo hicho kilikuwa na dari tu, kifungo kisichozidi miaka 15. Hakimu aliweza kushuka chini ya hapo kadiri alivyoona. Mwaka 2016 Bunge likabadilisha. Likaweka sakafu ya miaka 20 na dari ya miaka 30.

Sakafu na dari, msikilizaji, zinabadilisha kazi ya watu wote waliomo humo mahakamani. Hakimu hapimi tena kati ya kitu kidogo na kikubwa. Anapima kati ya kikubwa na kikubwa zaidi.

Sasa tuitazame silaha yenyewe, maana humu kwenye sheria imeandikwa kwa jina moja tu: silaha. Nenda vijiji vya Katavi, Tabora au Kigoma, au vile vilivyopakana na hifadhi kule Mara na Simiyu. Huko kuna gobore. Ni bomba la chuma lililofungwa kwa waya au vipande vya bati kwenye kitako cha mti alichokichonga fundi wa kijijini. Unamimina baruti kwa mdomoni, unashindilia kwa ufito, unatia goroli au vipande vya chuma, unashindilia tena. Unaweka fataki kwenye kiwashio. Unapiga mara moja, kisha uanze upya, na kama mvua imenyesha unaweza usipige kabisa. Nguruwe na nyani wanaoingia mashambani ndio walengwa wa kwanza. Swala hufuata, na hapo tayari ni ujangili. Sitaki kumpamba mwenye gobore akaonekana malaika.

Upande mwingine kuna bunduki aina ya SMG, yenye magazini ya risasi 30, ambayo haihitaji mtu akae chini kushindilia chochote. Hiyo ndiyo iliyovuka mipaka ya magharibi miaka ya vita vya majirani zetu, na hiyo ndiyo inayosimamisha mabasi usiku.

Mbele ya sheria ya 2016, mkulima mwenye gobore lililoshika kutu darini na mtu mwenye SMG na magazini mbili wote wanaanzia miaka 20. Ni kama kuuza dagaa na papa kwa hesabu ya vichwa.

Najua kuna msikilizaji anayenuna. Atasema: unasahau tulikotoka. Sijasahau. Julai 2015 kituo cha polisi cha Stakishari, Ukonga, hapa hapa Dar es Salaam, kilivamiwa, askari wakauawa, bunduki zikabebwa. Baada yake yakaja mauaji ya Kibiti, Rufiji na Mkuranga, ambako viongozi wa vijiji na askari walipigwa risasi mmoja mmoja, watu wakawa wanaogopa hata kugombea uenyekiti wa kitongoji. Mtu aliyeishi Pwani miaka ile hatakuelewa ukimwambia habari za huruma kwa mwenye bunduki. Na ni kweli pia kwamba gobore limeua: wivu, ugomvi wa shamba, tuhuma za uchawi. Hasira ya umma ina msingi wake. Ninachouliza ni kama hasira hiyo inapaswa kuandikwa kwa tarakimu moja kwa kila bomba la chuma lililopatikana chini ya kitanda.

Je, basi, adhabu hizi hazipunguzwi kabisa? Zinapunguzwa. Njia ya kwanza ni tarehe, na ni njia nzuri sana ambayo wafungwa wengi hawaijui. Ibara ya 13 ya Katiba yetu, ibara ndogo ya 6, inakataza mtu kupewa adhabu kubwa kuliko ile iliyokuwapo siku alipotenda kosa. Sasa fikiria mtu aliyekamatwa na bunduki mwaka 2014. Upelelezi ukachukua muda wake, kesi ikaahirishwa na kuahirishwa, hukumu ikasomwa 2017. Hakimu anafungua sheria iliyopo mezani siku ile, anakuta miaka 20, anatoa miaka 20. Amekosea. Siku ya kosa, dari ilikuwa miaka 15. Hapo hatuzungumzii tena ukubwa wa adhabu, tunazungumzia uhalali wake, na adhabu isiyo halali inaondolewa hata kama mfungwa mwenyewe hakuitaja katika sababu zake.

Shika tofauti hiyo ya ukubwa na uhalali, maana ndiyo inayofungua au kufunga mlango wa juu kabisa. Rufaa ya kwanza, ile inayotoka mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi kwenda Mahakama Kuu, ni pana. Jaji anaweza kuupitia ushahidi wote upya, na adhabu anaweza kuipunguza au kuiongeza. Ukishindwa hapo na kwenda Mahakama ya Rufani, unakwenda na hoja za kisheria tu, na sheria yenyewe inatamka kwamba ukali wa adhabu si miongoni mwake. Mfungwa anayefika huko na "Kwamba miaka 20 ni mingi" amegonga ukuta. Anayefika na "Kwamba adhabu niliyopewa haikuwapo kisheria siku ya kosa" anasikilizwa. Pengine ni mtu yule yule na kosa lile lile. Tofauti ni kwamba wa pili amepata mtu wa kumwandikia.

Nimesema jaji anaweza pia kuongeza. Hilo ndilo linalowashangaza watu. Mtu amepewa miaka 10 kwa kosa la mwaka 2018, anakata rufaa akitaraji mitano. Jaji anafungua jalada, anaona hakimu ameshuka chini ya sakafu, anasahihisha: miaka 20. Mfungwa anarudi gerezani na kifungo kirefu kuliko alichoondoka nacho asubuhi, na hakuna aliyemwonea.

Halafu kuna suala la vifungo vingi kwa mara moja. Katika kesi hizi ni nadra mtu kushtakiwa kwa kosa moja. Bunduki ni kosa la kwanza. Risasi zilizokuwa ndani yake ni la pili. Ikiwa alikutwa pia na nyama au meno ya mnyama, nyara za serikali ni la tatu. Kila kosa na miaka yake. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inasema adhabu hizo zitafuatana, moja ikiisha nyingine inaanza, isipokuwa mahakama iamuru ziende sambamba. Hakimu aliyechoka, saa tisa alasiri, foleni ya majalada ikiwa bado ndefu, akisahau tu kuamuru hivyo, mtu wa miaka 20 anakuwa mtu wa miaka 60. Hili la kusahau linarekebishwa kwenye rufaa bila ubishi mkubwa, kwa kuwa kama makosa yalitokana na tukio moja, utaratibu wa kawaida ni vifungo kwenda sambamba. Kwangu mimi huu ndio upunguzaji mkubwa kuliko wote, na ndio usioandikwa magazetini.

Lakini ukikaa na kusoma hukumu za rufaa za silaha, utaona wengi wanaotoka hawatoki kwa kupunguziwa. Wanatoka kwa sababu kesi nzima imeanguka, na inaanguka kwa karatasi.

Makosa ya uhujumu uchumi kwa asili yake ni ya Mahakama Kuu, ambayo tangu 2016 ina divisheni yake maalumu ya rushwa na uhujumu uchumi. Ili mahakama ya chini iyasikilize, zinahitajika hati mbili kutoka ofisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka: hati ya ridhaa, na hati ya kuipa mahakama hiyo mamlaka. Hati moja ikikosekana, au ikitaja kifungu kisicho chake, mahakama ilisikiliza kesi isiyo na mamlaka nayo. Mashahidi watano, kurasa mia za mwenendo, miaka mitatu ya kupanda na kushuka ngazi, vyote vinafutwa.

Kisha kuna hati ya ukamataji, ile anayoijaza askari pale nyumbani na kusainiwa na mashahidi. Ikishapokelewa kama kielelezo lazima isomwe kwa sauti mbele ya mshtakiwa, ajue kilichoandikwa. Isiposomwa, inaondolewa kwenye kumbukumbu. Taarifa ya mtaalamu wa silaha, anayesema kama bunduki ile inafyatua au ni chuma chakavu, nayo vivyo hivyo. Na kuna mnyororo wa utunzaji: nani aliikamata, nani aliipokea kituoni, ilikaa stoo gani, nani aliipeleka kwa mtaalamu, nani aliileta mahakamani. Hata hivyo, kwa bunduki yenye namba za kiwandani mahakama huwa hazikazi sana kama kwa dawa za kulevya, kwa kuwa bunduki haibadilishwi mikononi kirahisi. Gobore halina namba. Hapo ndipo mawakili wanapopenda kuuliza.

Mwenendo ukishafutwa swali linakuwa: kesi ianze upya, au mtu aende nyumbani? Mwongozo wake ni uamuzi wa mwaka 1966 wa mahakama ile ile ya Afrika Mashariki: kesi haianzishwi upya ili kuupa upande wa mashtaka nafasi ya kuziba matundu ya ushahidi wake. Kwa hiyo ikiwa hati ya ukamataji ilikwishaanguka, mtu anaachiwa.

Hapa msikilizaji wangu aliyenuna anasimama kabisa. "Si unaona? Majambazi wanaachiwa kwa mihuri!" Namwelewa, lakini nadhani analenga sipo. Sheria za upekuzi na hati si pambo. Ni kinga yako wewe usiye na bunduki, siku askari asiye mwaminifu atakapoingia na moja ndani ya koti lake. Kinachonisumbua mimi ni matokeo ya jumla. Anayesamehewa miaka yote 20 ni yule ambaye karani au askari alikosea katika jalada lake, awe na gobore au SMG. Na yule ambaye jalada lake liko safi anatumikia yote, hata kama alichokutwa nacho ni urithi wa baba yake usiofyatua tangu miaka ya themanini. Hakuna popote katika safari hiyo ambapo mtu mwenye mamlaka aliulizwa swali la kawaida: huyu alikuwa na silaha gani, na alikuwa anaifanyia nini?

Majirani zetu Kenya wamejaribu kuliuliza. Sheria yao ya silaha inaweka ngazi. Kumiliki silaha ya kawaida bila kibali ni kati ya miaka 5 na 10. Silaha za aina zilizopigwa marufuku ni kati ya 7 na 15. Zile za kivita zinazotajwa kwa majina, AK-47, G3 na MP5, adhabu yake yaweza kufika kifungo cha maisha. Hakuna anayeweza kusema ni sheria ya upole. Lakini papa amewekwa kwake. Aidha, sheria yao ya mwenendo wa jinai inailazimu mahakama kuzingatia muda ambao mshtakiwa alikaa rumande, na rufaa nyingi za Kenya zinashinda kwa hoja hiyo moja: mtu alikaa mahabusu miaka mitatu na hakimu hakuihesabu. Kwetu kifungo huhesabiwa tangu siku ya kusomwa hukumu. Hakimu anaweza kuikumbuka miaka ya mahabusu anapopima, ila akiwa tayari amesimama kwenye sakafu ya 20 hana pa kuipunguzia.

Nao hawajamaliza ubishi. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya Kenya iliamua kwamba adhabu ya kifo ya lazima kwa kosa la mauaji inakwenda kinyume na katiba, kwa kuwa inamnyima jaji nafasi ya kupima. Magereza yakajaa maombi ya wafungwa wa makosa mengine, kila mmoja akitaka kupimwa upya. Mwaka 2021 mahakama ikasema uamuzi ule ulikuwa wa mauaji peke yake. Mwaka 2024, katika kesi ya makosa ya kujamiiana, ikarudisha kifungo cha miaka 20 kilichokuwa kimepunguzwa kwenye rufaa, ikisema adhabu za chini zilizowekwa na Bunge ni halali hadi zipingwe kwa njia inayostahili. Kwa hiyo hata kule, mlango wa kuziondoa sakafu hizi uko bungeni zaidi kuliko mahakamani.

Kwa maoni yangu na hapa ni hivyo hivyo. Si lazima turudi kwenye dari ya miaka 15 kwa kila mtu. Bunge liligawe kosa: silaha ya kivita mahali pake, bastola mahali pake, gobore mahali pake, na risasi mbili zilizobaki kwenye kopo mahali pake. Wizara ya Mambo ya Ndani yenyewe inajua tofauti hiyo, maana kila inapotoa muda wa msamaha kwa watu kusalimisha silaha kwa hiari, mezani magobore hayakosekani. Umoja wa Afrika umeutenga Septemba wa kila mwaka kwa kazi hiyo. Anayelipeleka gobore kituoni wakati wa msamaha anarudi nyumbani kwake; anayekutwa nalo msamaha ukishakwisha anaanzia miaka 20. Pengo hilo ni kubwa mno kuwa la siku chache za kalenda.

Wakati tunalisubiri Bunge, kuna kazi inayoweza kufanywa pale pale mahakama ya kwanza. Mtu akishatiwa hatiani, hakimu humuuliza ana nini cha kusema kabla ya adhabu. Jibu lililozoeleka ni: "Naomba mahakama inihurumie, nina wazazi wazee na watoto wananitegemea." Hakimu anaandika mstari mmoja, mwendesha mashtaka anaomba adhabu kali iwe fundisho kwa wengine, na miaka inatajwa. Hapo ndipo mshtakiwa, au wakili wake, au hata msaidizi wa kisheria aliyemwandaa tangu gerezani chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, anapaswa kusema mambo yenye uzito: ni kosa lake la kwanza, silaha ilipatikana wapi na katika hali gani, amekaa mahabusu tangu tarehe fulani, alitoa ushirikiano. Na aombe waziwazi vifungo viende sambamba. Kati ya 20 na 30 kuna miaka 10 inayobishaniwa, na jaji wa rufaa hatamwona mtu huyu akisimama kueleza maisha yake upya; atasoma kile tu ambacho hakimu alikiandika siku ile.

Anayetaka kukata rufaa anapaswa kutoa notisi ndani ya siku 10 tangu hukumu, na sababu zake ndani ya siku 45, bila kuhesabu muda wa kusubiri nakala ya mwenendo na hukumu. Aliyekiri kosa naye anaweza kukata, lakini dhidi ya adhabu tu. Ukipewa nakala hiyo, kabla hujaandika "Kwamba" ya kwanza, tafuta kwenye hati ya mashtaka tarehe ya kosa.